Kalenda ya Nchi Isiyokuwepo

Siku kalenda yangu ilipoonekana nilikuwa uani, nachekecha hina. Mavyaa yangu, mama wa mume wangu, aliniita mara moja tu. Nikaitika, "Abee, mama," nikidhani anatafuta chumvi au ufunguo wa stoo. Nilipoingia chumbani kwangu nilimkuta amesimama mbele ya kabati, milango yote miwili iko wazi, nguo zangu zimesukumwa upande mmoja. Wifi yangu alikuwa ameketi ukingoni mwa kitanda, leso imemfika kidevuni, machozi yanamtiririka na wala hayafuti.

"Hii ni nini?" mavyaa akauliza.

Alikuwa anaonyesha ndani ya mlango wa kabati, kwenye karatasi kubwa ya manila niliyoibandika kwa selotepu. Nilijua ni nini. Ningeweza kumjibu kwa neno moja. Lakini niliona haya kulitamka, na kadiri nilivyochelewa ndivyo uso wake ulivyozidi kubadilika, mpaka nikatambua kwamba mama huyu, aliyenipokea nyumbani kwake kama mwanawe wa kumzaa, ananiogopa.

Mimi ni mpakaji hina na piko, ile rangi nyeusi ya kuchorea maua. Kazi yangu naifanya nyumbani, hapa Magogoni, Kisauni, katika chumba cha nje kinachotazama uani. Mume wangu ni karani kwenye yadi ya makontena huko Changamwe, hutoka alfajiri na kurudi magharibi. Baba mkwe alishatangulia mbele ya haki, na sisi tunaishi na mavyaa: yeye vyumba vya mbele, mimi na mume wangu na watoto wetu vyumba vya nyuma. Ni maisha ya kawaida ambayo hayana la kusimuliwa, na kwa muda mrefu nadhani hicho ndicho kilichonipeleka nilikokwenda.

Kazi ya hina ina kusubiri kwingi. Ukishamaliza mikono ya bi harusi lazima ikauke kabla hujagusa miguu, na wakati huo bi harusi amenyoosha viganja, shangazi zake wanazungumza mambo ya kwao, na wewe huna la kufanya. Mimi nilikuwa nachukua simu na kuandika hadithi. Wote walidhani najibu wateja. Niliwaacha wadhani hivyo. Niliandika kuhusu malkia wa nchi moja ya milima ya chumvi, nchi ambayo usiku wake una miezi miwili angani, mmoja mkubwa na mmoja mdogo. Nilikuwa nazituma sura zake kwenye kundi la wanawake wanaosomeana hadithi kwenye simu. Hakuna aliyenijua huko. Hata picha niliyoiweka haikuwa ya uso wangu, ilikuwa ya ua la mlangilangi.

Siku moja msomaji mmoja aliandika: "Dada, malkia huyu amebeba mimba tangu mvua ya kwanza, na sasa mvua ya tatu imekuja. Ni mtoto au ni tembo?" Chini yake wenzake wakajaza vicheko. Nilisikia uso unanichoma, hadi bi harusi niliyekuwa nampaka akaniuliza kama naumwa. Nikasema ni joto.

Lakini alisema kweli. Mambo ya nchi yangu yalikuwa yamechanganyika. Watu walivuna kabla ya kupanda, na safari ya kutoka mlimani hadi pwani ilichukua muda mfupi leo na mrefu kesho. Ndipo nikaamua kuipa nchi ile kalenda yake.

Nilidhani itakuwa kazi ya mchana mmoja. Kiswahili chenyewe kikanitega. Mwezi ni ule wa angani, na mwezi ni huu wa kuhesabu. Sasa nchi yenye miezi miwili juu, mwezi wa chini utaufuata upi? Nilizunguka na swali hilo nikipika, nikifua, nikichekecha hina. Mwishowe nikasema mwezi mkubwa ndio utakaoleta mwezi wa kalenda, na ule mdogo, kwa kuwa unakwenda mbio, utaleta juma. Watu wa kule hawana Jumamosi wala Jumapili. Wana siku ya kuuona mwezi mdogo, siku ya soko, siku ya maji, siku ya deni la maneno, ambapo mliogombana lazima mzungumze, na siku ya kupumzika mwezi unapozama. Miezi nikaipa majina ya kazi zao. Mwezi wa Chumvi. Mwezi wa Visima. Mwezi wa Kuezeka. Mwezi wa Nyuki. Mwezi wa Mikono Mitupu, ambapo chakula cha zamani kimekwisha na kipya hakijaiva. Na kwa kuwa miezi ile miwili ya angani haiendi sawa, kulikuwa na nyakati ambapo yote huzama pamoja, na siku hizo za giza nikazitoa kwenye hesabu kabisa. Si za mwezi wowote. Asiyekuwa na haja hatoki nyumbani, na mtoto anayezaliwa siku hizo hana tarehe.

Sikupata kufurahia kitu namna ile tangu niwe mtu mzima. Nilinunua karatasi ya manila na kalamu nyeusi na nyekundu, nikaichora kalenda yote kwa mkono. Pembeni nikazungushia maua yangu ya piko. Miezi mikubwa nikaipaka wino, midogo nikaiacha mitupu, na siku za giza nikazijaza kwa mistari myembamba kama ninavyojaza kiganja cha bi harusi. Nilipomaliza nilikaa nikaitazama, nikataka sana kumwonyesha mtu. Sikumwonyesha mtu. Niliibandika ndani ya mlango wa kabati, nyuma ya mabuibui yangu, kwa sababu niliona haya. Mwanamke wa umri wangu, mama wa watoto wawili, binti wa mwalimu wa madrasa, anakaa anachora miezi ya nchi ambayo haipo.

Kalenda ile ndiyo iliyoamua habari ya mimba. Nilipohesabu kuanzia mwezi ambao malkia alishika mimba, nikaona siku za giza zinamkuta katikati. Katika nchi niliyoitunga, mambo yanayokutwa na giza kuu hayaendi mbele. Sikupenda, lakini sheria nilikuwa nimeiweka mwenyewe. Nikachukua kalamu nyekundu, nikaandika ndani ya mistari ile: mtoto hafiki.

Wakati huo wifi yangu alikuwa kwake Likoni, na hakuna aliyejua kwamba ana mimba. Yeye ni mdogo wa mume wangu, na alikuwa ameolewa miaka mingi bila mtoto. Habari ilipofika nyumba nzima ilishangilia. Mavyaa alifukiza udi hadi majirani wakauliza kuna nini. Daktari alipomtaka apumzike, alikuja kukaa kwetu, na kwa kuwa chumba changu ndicho kinachopata upepo, nikampisha. Mimi na mume wangu tukahamia chumba cha watoto.

Nilimpenda wifi yangu na ninampenda hadi leo. Jioni nilikuwa namkanda miguu kwa mafuta ya nazi, maana ilikuwa inavimba. Alikuwa akinicheka jinsi ninavyomtazama. Alitamani udongo wa kula na ndimu, na mimi nilikuwa namletea kwa siri mama asimwone. Na ndiyo, malkia wangu naye akavimba miguu, na malkia wangu naye akatamani udongo. Sikuona ubaya wake. Nilidhani namtunza mara mbili. Sura ya malkia kupoteza mtoto nilikuwa nimeshaipanga, na ilipofika zamu yake niliituma, na ile iliyofuata pia, ambayo malkia anapanda farasi kwenda vitani.

Kisha wifi yangu akapoteza mimba. Tumbo lilikuwa limeshaonekana, watu wameshaanza kubahatisha ni wa kike au wa kiume. Ilitokea asubuhi, mume wangu ameshakwenda kazini, na mimi ndiye niliyemshika hadi gari likaja, nami ndiye niliyefua mashuka. Wallahi sikuikumbuka kalenda. Kuna watu walioniuliza baadaye kwa nini sikuitoa ile karatasi kabla ya kumrudisha mgonjwa chumbani, na jibu langu ni hilo. Nilikuwa nafikiria kumpikia uji. Ile nchi ilikuwa mbali nami siku hizo.

Aliporudi kutoka hospitali alilala siku kadhaa. Halafu asubuhi moja akaamka, akataka leso kavu, akafungua kabati langu.

Sasa nirudi pale chumbani. Mavyaa aliniuliza tena, "Hii ni nini?" nami nikasema, "Mama, si kitu." Hilo lilikuwa jibu baya kuliko yote. Akaibandua karatasi taratibu, bila kugusa wino, akaikunja ndani ya leso, akamshika binti yake mkono wakatoka. Chai niliyopika asubuhi ile aliimwaga. Mchana akapika mwenyewe, na alipopakua akaniwekea sahani yangu mlangoni mwa chumba cha nje, pale pale wanapovulia viatu wateja. Sikula.

Mume wangu aliporudi alipitia kwa mamake kwanza. Alipokuja kwangu alisimama mlangoni.

"Umekwenda kwa mganga?"

"Sijakwenda kwa mganga."

"Basi ile karatasi ni nini?"

Nilimtazama, nikafikiria vicheko vya kundi lile, malkia wangu na farasi wake, miezi miwili. Nikashindwa. "Mama ameshamwita baba yangu," nikasema. "Akija nitasema mbele ya wote." Akaenda kulala kwa mamake. Nilikuwa nimechagua kushukiwa uchawi hata siku moja zaidi kuliko kusema ukweli, na yule niliyekuwa namficha ukweli ni mume wangu mwenyewe.

Baba yangu alikuja kesho yake baada ya swala ya alasiri. Amekaa Likoni maisha yake yote akisomesha watoto Kurani, na si mtu wa kutokatoka. Kuvuka feri na kuja mpaka Kisauni kwake ni safari. Alikuwa amevaa kanzu yake ya Ijumaa. Nilimwamkia, "Shikamoo, baba," naye akasema marahaba bila kunitazama. Nikajua mavyaa amemwambia.

Tuliketi sebuleni: mavyaa, mume wangu, baba na mimi. Wifi alikuja mwisho, akaketi chini kwenye mkeka karibu na mamake. Karatasi ikatandazwa mbele ya baba. Akavaa miwani. Akaanza kusoma kwa sauti, kidole kinafuata mistari, kama anavyowafuatilia wanafunzi wake.

"Mwezi wa Chumvi," akasoma. "Mwezi wa Visima. Mwezi wa Nyuki. Siku ya Deni la Maneno."

Majina yale niliyoyatunga nikiwa peke yangu, sauti ile iliyonifundisha alifu na bee inayatamka mbele ya wakwe zangu. Nilitamani ardhi ipasuke inimeze.

Baba akavua miwani. "Mkwe wangu," akamwambia mavyaa, "nilipokuwa kijana nimewaona watu wa falaki, wanaosoma nyota, na nimeziona karatasi zao. Zina nyota zake na herufi zake. Hii si falaki. Hapa hapana hata nyota moja ninayoijua." Mavyaa akashusha pumzi. Baba akanigeukia. "Haya, mwanangu. Ni nini?"

"Ni kalenda, baba."

"Naona ni kalenda. Ya wapi?"

"Ya nchi moja."

"Nchi gani?"

"Haipo."

"Haipo vipi?" mavyaa akadakia. "Imekufa?"

"Haikuwahi kuwepo, mama. Nimeitunga mimi. Ni ya hadithi ninayoiandika kwenye simu. Nchi ile ina miezi miwili angani, kwa hivyo kalenda yetu haiwafai. Mwezi mkubwa unaleta mwezi, na huu mdogo, unaona, huu usiopakwa wino, unazunguka haraka zaidi, kwa hivyo ndio wanaohesabia juma, isipokuwa yote miwili ikizama pamoja, hapo..."

Nilikuwa nimeinama juu ya karatasi, kidole changu kinakwenda huku na huku, sauti imepanda. Nilijisikia mwenyewe. Nikainua uso nikaona wanavyonitazama, na sitawahi kusahau mtazamo wa baba yangu. Alikuwa amekuja tayari kunitetea kwa jambo zito. Hili hakulijia tayari.

Mume wangu akacheka. Alijaribu kukizuia kicheko kwa kiganja, kikampita. Akacheka hadi akafuta macho. Mavyaa naye akatabasamu kidogo, kwa mara ya kwanza tangu jana, akasema, "Miezi miwili! Na wao hufunga kwa upi?" Na mimi, Mungu anisamehe, karibu nimjibu.

Wifi yangu hakucheka. Alisogea kwenye mkeka hadi akafika kwenye karatasi, akaweka kidole juu ya wino mwekundu.

"Na hapa?"

Kicheko kikakatika.

"Hapo ni malkia," nikasema. "Malkia wa hadithi."

"Uliandika lini?"

"Kabla hujaja. Kabla hatujajua habari yako. Naapa."

"Kwa hivyo ulipokuwa unanikanda miguu, ulikuwa ushajua wa malkia hafiki."

"Nilijua."

"Na ulikuwa unanitazama."

Hakunituhumu tena uchawi, na hakupandisha sauti. Aliondoa kidole, akajifunika, akarudi kwa mamake. Kama angenipiga ningeona nafuu.

Mavyaa aliichoma karatasi kwenye jiko la makaa jioni ile ile, akatia ubani juu yake. Hakuwa na hasira. Alisema tu kwamba kitu kilichoandikwa maneno yale hakikai ndani ya nyumba, na nilimwelewa. Nilisimama uani nikaitazama inavyojikunja. Nilimsindikiza baba hadi kituo cha magari. Tulipofika akasema, "Ungekuwa mchawi, mwanangu, ningejua la kumwambia mkwe wangu. Uchawi una visomo vyake. Hili sasa, mtu mzima kujitungia miezi, sijui nisome nini." Hakuwa anatania. Akapanda gari akaenda zake.

Mume wangu alirudi kulala kwetu. Aliniambia, "Nilicheka kwa furaha. Nilikuwa nimeogopa sana, na nilipoona si uchawi nikacheka." Naamini alisema kweli. Hata hivyo kwa muda mrefu nilipokuwa nikimwona anatabasamu mbele ya simu yake nilikuwa nadhani anamsimulia mtu.

Na kweli habari ilitoka, sijui kwa mlango upi. Wateja walianza kuniuliza, wengine kwa mzaha: "Harusi yetu ni Mfungo Sita, kwenu huko itakuwa mwezi gani? Wa nyuki?" Nilicheka nao. Wengine hawakutania. Mama mmoja alivunja miadi, akatuma ujumbe kwamba hapendi mikono inayoandika vifo vya watoto imguse bi harusi wake. Niliusoma ujumbe ule mara nyingi. Niliacha kuandika. Kule kwenye kundi waliuliza malkia yuko wapi, mbona amebaki juu ya farasi, nami sikujibu. Wifi yangu alirudi Likoni bila kuniaga, na kwa mavyaa nilikuwa nasikia tu kwamba hajambo.

Miezi ikapita. Siku moja, sina hili wala lile, simu ikalia, nikaona jina lake.

"Wifi," akasema, "tuna harusi hapa mtaani. Njoo unipake hina."

Likoni haikosi wapakaji. Nilijua, naye alijua kwamba najua. Nilichukua vifaa vyangu nikaenda, na kwenye feri nilisimama pembeni nikijifundisha maneno ya kumwambia. Nilipofika sikuyahitaji. Alitandika mkeka barazani kwa ndani, akaniletea maji ya kunywa, akanyoosha mkono. Amekonda. Nikaanza kumchora.

Nikafika kwenye kifundo cha mkono. Halafu akasema, "Jirani yangu yumo katika kundi lenu. Nimeisoma hadithi yako yote kwenye simu yake."

Jani nililokuwa nachora likawa doa. Nikalifuta kwa pamba.

"Malkia wako alilia mchana mmoja," akasema. "Mchana mmoja tu. Sura iliyofuata umempandisha farasi."

"Vita vilikuwa vimekaribia," nikasema, na nilipojisikia nikaona aibu mpya kabisa, isiyofanana na zile za mwanzo. Zile zilikuwa za kuonekana nikifanya kitu cha kitoto. Hii ilikuwa ya kukifanya vibaya.

"Mimi niliambiwa nipumzike, halafu nikaambiwa Mungu atatoa mwingine," akasema. "Kisha watu wakaacha kulitaja. Mume wangu halitaji. Mama halitaji. Hakuna matanga, hakuna arubaini, hakuna siku ambayo mtu anasema leo ndiyo siku yake." Alikuwa anautazama mkono wake, si mimi. "Nikasoma kwako. Mna mwezi wa kuosha visima. Mna siku ya waliogombana. Umekaa ukafikiria hata mwezi wa kuezeka mapaa. Nikasema, huyu aliyefikiria yote haya atakuwa ameweka siku ya yule mtoto. Nikasoma hadi mwisho."

"Sikuiweka," nikasema.

"Hukuiweka."

Niliweka koni ya hina chini. Nilimwomba radhi, kwa miguu, kwa udongo, kwa kalenda, kwa yote. Alitikisa kichwa, hakutaka hilo. Basi nikamuuliza swali ambalo ndilo pekee nililobaki nalo.

"Ingekuwa yako, ungeiwekaje siku hiyo?"

Alidhani namtania. Alipoona simtanii akafikiri. "Wanawake wasipike," akasema. "Wapike wanaume. Wapike vibaya, chakula kiungue, na watu wale hivyo hivyo."

Tukacheka wote wawili, kidogo.

"Na mtu asiruhusiwe kusema Mungu atatoa mwingine."

"Hata mama?"

"Hasa mama." Akaipuliza hina mkononi. "Na mtoto atajwe."

"Kwa jina gani?"

Alitazama mlangoni, nje watoto wa jirani walikuwa wanakimbizana na gurudumu. "Analo," akasema.

Sikumuuliza zaidi. Nilichukua koni nikamalizia mkono, nikampaka wa pili, nikakaa naye hadi ikakauka.

Niliirudia sura ile. Siku za giza nikaziacha kama zilivyokuwa, ila ile inayozifuata nikaipa kazi: katika nchi ya milima ya chumvi, siku ya kwanza baada ya giza, wanaume huwasha mioto, wali huungua, na kila nyumba yenye mtoto ambaye hakufika humtaja kwa sauti mlangoni. Malkia wangu hakupanda farasi mwezi ule. Nilipoituma niliandika kwamba ile ya mwanzo niliiandika kwa haraka, na kwamba nimefundishwa. Yule wa mimba ya tembo ndiye aliyeandika kwanza. Aliandika jina la mtoto wake, basi, bila maelezo. Akafuata mwingine na jina la wa kwake. Nililaza simu kifudifudi juu ya paja, maana nilikuwa na mteja.

Ningependa kusema kwamba tangu hapo sioni haya tena. Ningekuwa mwongo. Sikukuu iliyopita wifi alikuja kwetu na mumewe, tukawa jikoni watatu, mavyaa anakaanga, wifi anakata vitunguu, mimi nakuna nazi. Mavyaa, bila kugeuka, akaniuliza kwa upole, "Na wewe, bado unaandika makalenda yako yale?"

"Aa, mama," nikasema. "Niliacha zamani."

Damu ilinipanda hadi masikioni. Wifi hakuinua kichwa. Aliendelea kukata vitunguu, vyembamba, polepole, kisha akamwomba mamake amsogezee sufuria.